"Mimi si mtu wa sayansi": mtoto wa miaka 13 kauli hii anaitoa wapi?

Mleta mada

Wakuu, nawasalimu.

Nafundisha fizikia sekondari, huu ni mwaka wa 14. Uzi huu nimeuandika siku tatu, naandika nafuta, maana jambo lenyewe linaniuma na sikutaka kuliandika nikiwa na hasira. Ni mrefu, mnivumilie.

Kila nikipokea darasa jipya huwa nawagawia nusu karatasi waandike mistari mitatu kuhusu wao na sayansi, bila kuweka jina. Mwaka huu nimepata karatasi 46. Nilizisoma zote jioni moja, na sentensi iliyojirudia kuliko nyingine yoyote ni hii: "Mimi si mtu wa sayansi." Kadhaa waliongezea: "ila najua ni muhimu."

Hebu itazameni vizuri. Mtoto hakusema sayansi inachosha wala haina faida. Hapo amejizungumzia yeye mwenyewe, kama anavyosema mimi ni mfupi au mimi natumia mkono wa kushoto. Ana miaka 13, maikroskopu hajaishika hata mara moja, na shauri lake ameshalifunga.

Jibu letu sisi walimu na wazazi huwa mahubiri. Dunia ya leo ni ya teknolojia, someni sayansi mpate kazi. Nimehubiri hivyo miaka mingi, tena kwa moyo wote, na sasa naamini nilikuwa napaka dawa mguu wa kulia wakati kidonda kiko kushoto. Kwamba sayansi ni muhimu wanajua. Mradi wa ROSE, ulioongozwa na Svein Sjøberg na Camilla Schreiner wa Chuo Kikuu cha Oslo mwanzoni mwa miaka ya 2000, uliwahoji vijana wa takriban miaka 15 katika nchi zipatazo 40. Karibu kila mahali walikubali kwamba sayansi na teknolojia ni muhimu kwa jamii. Walipoulizwa kama wangependa kuwa wanasayansi, picha ikabadilika. Kwenye nchi tajiri wengi walikataa, wasichana zaidi ya wavulana. Kwenye nchi zenye kipato kidogo vijana waliitikia kwa hamu kubwa. Yaani kadiri nchi ilivyoendelea, ndivyo hamu ya vijana wake kwa sayansi ya darasani ilivyopungua. Anayedhani maabara nzuri na kompyuta peke yake zitamaliza tatizo, hilo alifikirie.

Kuna utafiti mwingine ulionitikisa zaidi. Uingereza, Louise Archer na wenzake walianza kuwafuatilia watoto wakiwa na miaka 10 na wakaendelea nao wakikua. Wengi walisema wanalipenda somo, na wazazi wao wanalithamini. Waliotaka kuja kuwa wanasayansi walikuwa takriban 15 tu kwa kila 100. Matokeo hayo niliyasoma mara mbili. Mimi nilidhani kazi yangu ni kuwafanya wapende, wakishapenda watakuja wenyewe. Kumbe kupenda kitu na kujiona ndani yake ni mambo mawili. Mtu anaweza kuwa mshabiki mkubwa wa mpira na asiwaze hata siku moja kuwa mwamuzi.

Watafiti hao wanazungumzia "mtaji wa sayansi": kuna mtu wa karibu anayefanya kazi hizo? Nyumbani mambo ya sayansi huzungumzwa? Mtoto hupata nafasi ya kuijaribu nje ya darasa? Mwenye mtaji huo, hata akipata alama mbaya, anajiambia mtihani ulikuwa mgumu. Asiye nao, alama ileile anaichukua kama hukumu.

Na sura ya mwanasayansi vichwani mwao imeanza zamani. Mwaka 1983 David Wade Chambers alichapisha matokeo ya kuwaambia watoto wachore mwanasayansi. Michoro 4,807. Wanawake waliochorwa walikuwa 28, na wote 28 walichorwa na wasichana. Hakuna mvulana hata mmoja aliyemchora mwanamke. Mambo yamesogea tangu hapo: mapitio ya tafiti za Marekani yaliyotoka 2018 yalionyesha kwamba kuanzia katikati ya miaka ya 1980 wanawake wamekuwa wakichorwa takriban mara 28 kwa kila 100. Lakini mapitio hayohayo yalionyesha kwamba watoto kadiri wanavyokua ndivyo wanavyozidi kuchora wanaume. Kitu fulani wanajifunza njiani, na sehemu kubwa ya njia hiyo ni shule.

Sasa niwaeleze kilichotokea darasani, maana ndicho kilichonifanya nianzishe uzi huu.

Niliwagawia wawili wawili betri moja ya tochi, balbu moja ndogo ya tochi na kipande kimoja cha waya. Nikasema: iwasheni. Basi. Hao ni wanafunzi waliokwisha kujibu maswali ya saketi na kufaulu. Ukiwaamsha usiku wanakwambia mkondo wa umeme hupita katika saketi iliyofungwa.

Binti mmoja, mkimya, alisimamisha kitako cha balbu juu ya betri. Waya akautoa chini ya betri, akaupeleka kugusa kitako kilekile. Hamna kitu. Waya ukaanza kupata moto, akauachia. Mwenzake akasema balbu imeungua. Wakaja kuomba nyingine, nikawapa, nayo hamna kitu. Akaniangalia. Kunyamaza pale kulinigharimu sana, mdomo ulikuwa umeshafunguka. Akarudi kwenye meza, akailaza balbu, akaizungusha vidoleni kama mtu anayetafuta mlango. Ncha ya waya ikagusa ubavu wa chuma wa balbu huku kitako kikiwa juu ya betri. Ikawaka.

Hakupiga kelele. Aliondoa waya, akaurudisha, akaondoa, akarudisha, mara nne au tano. Kisha akaigeuza betri juu chini. Ikawaka vilevile. Ndipo akaniita: "Mwalimu, mbona haijali upande?"

Swali hilo halimo kwenye kitabu chetu. Na karatasi zile hazikuwa na majina, lakini miandiko ya darasa langu nimeshaizoea. Alikuwa mmoja wa walioandika kwamba si watu wa sayansi.

Nimekaa na jambo hili wiki nzima. Miaka 14 nimewapa watoto majibu ya maswali ambayo hawajayauliza, kisha nikawapima kwa kasi ya kuyarudisha, na aliyechelewa akajihesabu kuwa hana kichwa. Mimi ndiye niliyemfundisha ile sentensi, hata kama sikuwahi kuitamka.

Naomba tujadiliane. Wewe unayesoma hapa, kama uliwahi kujitoa kwenye sayansi, ulijitoa lini na nini kilikutoa?

Mkufunzi mstaafu

Mwalimu, nimeusoma wote na nakuheshimu kwa moyo wako. Ila mimi naona tofauti. Nimefundisha hesabu na fizikia miaka 31. Wanafunzi wangu waliofika mbali ni wale waliokaa chini wakafanya maswali mia, wakakosea, wakarudia.

Angalia TIMSS, mtihani wa kimataifa wa hesabu na sayansi unaofanyika kila baada ya miaka 4 tangu 1995. Japani na Korea Kusini huwa juu kabisa kwenye sayansi. Wanafunzi wao wakiulizwa kama wanalipenda somo, wanaosema wanalipenda sana ni wachache ukilinganisha na nchi nyingine. Na nchi ambazo watoto wanasema wanapenda mno, nyingi ziko chini kwenye alama. Sasa hayo mapenzi yamewasaidia nini? Mpe mtoto msingi. Akishaweza, mapenzi yatamkuta mbele ya safari. Ukianza na kumfurahisha, siku somo likiwa gumu atakuacha kwenye mataa.

Dada wa bureti

Mwalimu umeuliza nini kilitutoa. Mimi nilitolewa na kalamu.

Sasa niko chuo, nasoma uhasibu. Sekondari nilikuwa naipenda kemia kweli. Kundi letu la maabara tulikuwa wanne, msichana mimi peke yangu. Siku ya kwanza mmoja akasema, "Wewe una mwandiko mzuri, andika." Sikuona ubaya, niliona nimesifiwa. Nikaandika miaka miwili.

Bureti, ule mrija mrefu wa kioo wenye koki wa kudondoshea kimiminika, niliishika mara ya kwanza siku ya mtihani wa vitendo. Mpaka leo nauona mkono wangu kwenye koki, matone yanashuka haraka kuliko ninavyoweza kufunga, na flaski ikageuka waridi iliyokolea kwa mkupuo. Nilijua kabisa inatakiwa waridi hafifu. Maneno "waridi hafifu" nilikuwa nimeyaandika kwenye ripoti zaidi ya mara ishirini. Nikatoka pale nikijiambia sina mkono wa sayansi.

Hakuna aliyenifukuza. Mwalimu wetu alikuwa mtu mwema sana. Alikuwa anasahihisha ripoti, na ripoti za kundi letu zilikuwa safi kuliko zote.

Mleta mada

Dada, nimeacha kila kitu kukujibu wewe kwanza. Baada ya kukusoma, kipindi kilichofuata cha vitendo nilipita kwenye makundi yangu 11 nikiangalia jambo moja tu: nani kashika kalamu. Kwenye makundi 9 alikuwa msichana. Miaka yote hii nimepita katikati ya meza zile nikikagua vifaa na usalama, na sikuwahi kuliona. Kuanzia wiki hii, kila dakika 10 nagonga meza na kalamu inahama mkono. Wavulana wamelalamika kwamba hawajui kuchora jedwali. Watajua.

Ulichoeleza kinanisaidia pia kuelewa takwimu za PISA 2015, mtihani wa kimataifa wa vijana wa miaka 15. Katika nchi za OECD, umoja ambao nchi zake nyingi ni tajiri, takriban robo ya wavulana na karibu robo ya wasichana wa miaka 15 walitarajia kazi zinazohusu sayansi. Ukiishia hapo unaona mambo yako sawa. Ukiingia ndani unakuta wasichana wengi wanaelekea afya, na wavulana ndio wanaojaza uhandisi na kompyuta. Afya ni kazi kubwa na sina neno nayo. Ninachojiuliza ni wangapi walichagua, na wangapi walifika pale kwa sababu milango mingine mtu alishawapa kalamu.

Mzee wangu mkufunzi, shikamoo. Hoja yako ya TIMSS ni ya kweli na wengi wanaozungumzia mitazamo ya wanafunzi huiruka. Nami sina haki ya kuiruka. Ila kulinganisha nchi na nchi kunachanganya mambo mengi, hata maana ya kusema "napenda sana" haifanani kila mahali. Ukiingia ndani ya nchi moja, kwa kawaida wanaolipenda somo na hasa wanaojiamini nalo ndio wenye alama za juu. Kipi kinazaa kipi? Nadhani vinazaana, na hapo nakubaliana nawe kwamba kuweza kunaleta kupenda. Lakini mtoto aliyeamua kwamba si mtu wa sayansi hayafanyi hayo maswali mia. Anayanakili.

Kuhusu hofu yako ya kuanza na kumfurahisha mtoto: mwaka 2014 Scott Freeman na wenzake walikusanya tafiti 225 zilizolinganisha mihadhara na ufundishaji unaomshirikisha mwanafunzi kwenye masomo ya sayansi, uhandisi na hesabu vyuoni. Waliokaa kusikiliza mihadhara tu walikuwa na uwezekano wa kufeli mara 1.5 ya wenzao. Na kuna la ajabu lililoonekana Harvard, matokeo yakatoka 2019. Wanafunzi wa fizikia walioshughulishwa darasani walijifunza zaidi, mtihani ukaonyesha hivyo, lakini wao wenyewe walihisi wamejifunza kidogo kuliko waliosikiliza mhadhara mzuri. Kuhangaika kunamfanya mtu ajione hajui. Kwa hiyo mzee wangu, ninachopigania mimi si raha. Yule binti wa balbu hakuwa na raha kwa dakika kumi nzima.

Naongeza kisa kimoja, na hiki nakiandika kwa aibu. Jaribio la pendulo, yaani gololi inayobembea kwenye uzi, kutafuta mchapuko wa mvutano wa dunia, ambao jibu la kitabuni ni 9.8. Kijana mmoja hodari, mtu wa maswali mia haswa, alipata 9.4. Nilikuwa nyuma yake. Nikamwona anachukua kifutio, anafuta 9.4, anaandika 9.8, kisha anarudi kinyumenyume kurekebisha muda wa mizunguko ili hesabu zikubaliane. Hakujificha. Hakudhani kwamba anadanganya, alidhani anasahihisha.

Nilipomwomba arudie kupima mbele yangu, kosa likaonekana. Alikuwa amepima uzi peke yake, sentimita 50, akaishia pale uzi unapofungwa juu ya gololi. Urefu wa pendulo unafika katikati ya gololi, kama sentimita 2 zaidi. Rudisha hizo sentimita 2 kwenye kanuni na 9.4 inapanda yenyewe hadi karibu na 9.8. Jaribio lake lilikuwa zuri mno! Lilikuwa limemwonyesha mahali penye kosa kwa usahihi wa ajabu, naye akalifuta. Na nani alimfundisha kufuta? Aliyekuwa anatoa alama kwa 9.8.

Huyo ana msingi wote unaoutaka, mzee wangu. Na bado, sayansi kwake ni jibu la mtu mwingine ambalo kazi yake ni kulifikia.

Jambo la mwisho kwa leo. Xiaodong Lin-Siegler na wenzake walijaribu kitu chepesi na wanafunzi wa sekondari, matokeo yalitoka 2016. Waliwapa kusoma habari za Einstein, Marie Curie na Michael Faraday. Baadhi walisomeshwa mafanikio yao tu, wengine jinsi walivyokwama na kuhangaika. Waliosoma mahangaiko alama zao za sayansi zilipanda kuliko za wenzao, hasa wale waliokuwa chini. Mimi miaka yote nimemtaja Faraday kama jina juu ya kanuni. Sikuwahi kuwaambia kwamba alikuwa mwanagenzi wa kujalidi vitabu, kwamba shule aliyopata ni kidogo, na kwamba hesabu zilimpa taabu maisha yake yote. Jumatatu nimewaambia. Mtoto wa nyuma kabisa akauliza, "Sasa aliwezaje?" Tukatumia kipindi kizima kwenye swali hilo, na mada niliyopanga haikufundishwa.

Mkufunzi mstaafu

Marahaba mwalimu. Hilo la 9.4 limenigusa. Nami nilikuwa nawakata alama waliokosa 9.8. Sikuwahi kuuliza ile 9.4 imetoka wapi.

Ila mada yako ya Jumatatu ifidie. Mtihani hautawauliza habari za Faraday.

Mzazi wa wawili

Mimi si mwalimu, nafanya kazi ya kushona. Nimesoma uzi huu nikamkumbuka binti yangu, ana miaka 12. Mwezi uliopita alileta matokeo ya sayansi mabaya, nami kwa kumfariji nikamwambia, "Usijali mama, hata mimi hayo yalinishinda, ni damu yetu." Nilisema kwa upendo. Sasa naona nilimpa urithi ambao hakuuomba.

Jana usiku nikatoa betri na balbu kwenye tochi ya zamani, nikakata waya, nikamwambia tujaribu wote, hata mimi sijui. Na kweli sikujua. Ilituchukua karibu nusu saa. Ilipowaka ni yeye aliyekuwa ameshika, mimi nilikuwa nimeshakata tamaa. Ila sasa ameniuliza swali na sina jibu: kwa nini lazima iguswe sehemu mbili, kitako na ubavu? Kwa nini kitako peke yake hakitoshi? Mwalimu, nimjibu nini?

Mleta mada

Mama, asante kwa kutuandikia hili. Usimjibu bado. Fanyeni hivi.

Ichukueni ile balbu, mwambie achore anavyodhani ndani ilivyo: ule uzi mwembamba unaong'aa una ncha mbili, kila ncha inaishia wapi? Achore kabla hajatazama. Kisha itazameni kwenye mwanga mkali, kwa lenzi ya kukuza kama mnayo. Ataona vijiti viwili vyembamba vinashuka kutoka kwenye uzi ule. Kimoja kimeunganishwa na chuma cha ubavuni, kingine kinashuka hadi kwenye ile nukta ya chini ya kitako. Katikati ya nukta na ubavu kuna duara, mara nyingi jeusi, lisilopitisha umeme. Mwache akae nalo hilo duara, ajiulize lingeondolewa ingekuwaje. Kutoka hapo jibu atalitoa yeye. Msiipasue, kioo chake ni hatari, na majaribio yote yawe ya betri ya tochi, umeme wa ukutani msiuguse kabisa.

Akishamaliza, mpe na swali la yule binti wangu, kwa nini balbu haijali upande wa betri. Binti wangu nimempa taa ndogo nyeupe ya LED na betri mbili. Hiyo inajali upande. Ana siku tatu nayo na hajaniambia kitu, ila kila kipindi kikiisha anabaki nyuma kuazima waya.

Mchoro wa kwanza wa mwanao usifutwe, hata kama amekosea. Akiridhia, piga picha uuweke hapa tuuone.